Uliza Mwalimu: Binti yangu anataka kuolewa Kalimpong

SWALI

Mwalimu, jambo. Mimi ni mama wa watoto watano, nauza vitenge kwenye soko la Kadutu, hapa Bukavu. Binti yangu wa pili alisomea uuguzi Bengaluru, India, akapata mchumba huko huko, kijana muuguzi kama yeye. Sasa wanataka kwenda kuishi kwao na kijana, mji mdogo wa mlimani unaoitwa Kalimpong. Kijana anasema yeye ni Mlepcha na ni Mkristo. Nyanya yake mzaa mama ni Mbudha. Jirani zao wa mkono huu Wahindu, wa mkono ule Waislamu. Mume wangu hataki kusikia. Anasema Wahindi tunaowajua hapa ni wenye maduka, hawawezi kukubali mtu mweusi aingie nyumbani mwao, na tena mji wenye makabila na dini zote hizo lazima siku moja utawaka moto. Wewe ulifundisha kule. Watu wanaishi namna gani? Na mahari je?
Mama wa Kadutu

JIBU

Mama, nitakujibu kwa urefu, maana mji huo naupenda na swali lako ni zito.

Anza kwa kumwambia Baba kwamba Wahindi wa maduka tunaowaona Bukavu wengi asili yao ni Gujarat, magharibi mwa India, upande wa bahari. Kalimpong iko kona nyingine kabisa: kaskazini-mashariki, katika jimbo la Bengali ya Magharibi, kwenye miguu ya Himalaya, karibu na Sikkim na Bhutan. Mtu wa Gujarat akifika kule ni mgeni kama nilivyokuwa mimi. Mji umekaa juu ya mgongo wa mlima, mita kama 1,250 kutoka usawa wa bahari, katikati ya vilima viwili, Deolo na Durpin, na chini kabisa bondeni unapita mto Teesta. Nyumba zimepandana mtelemkoni, ngazi za saruji zinapita katikati yake, na mvua kubwa ikianza usiku watu huamka kusikiliza udongo. Hayo wewe wa Kadutu sina haja ya kukueleza. Sensa ya 2011 ilihesabu watu 49,403 mjini, kwa hiyo komini yako peke yake inawapita mbali.

Ukitaka kujua watu wa pale wanaishi vipi, nenda sokoni Jumatano au Jumamosi, siku za gulio. Nilipoona mara ya kwanza mwanamke anapanda mlima amebeba kikapu mgongoni, kamba imepita kwenye paji la uso, nilisimama njiani nikamtazama hadi akapotea. Mama zetu wa Kabare na Walungu hubeba vilevile. Ndani ya kikapu kuna tangawizi, iliki kubwa nyeusi, binzari, na zile pilipili nyekundu za mviringo wanazoziita dalle, ambazo zitamfurahisha mtu wa Bukavu. Wanaouza ni wanawake Walepcha, Warai, Walimbu, Watamang. Nyuma yao, kwenye maduka ya nguo na nafaka, wamekaa Wamarwari, ambao mababu zao walitoka Rajasthan, mbali sana, kufuata biashara. Kuna Wabhutia na Watibeti, kuna Wabengali maofisini na hospitalini, kuna watu wa Bihar wanaouza mboga na kunyoa nywele. Na wote hao, Mama, wanabishania bei kwa lugha moja, Kinepali. Lugha ya nyumbani inabaki nyumbani. Ni kama Kadutu, ambako Mshi, Mrega, Mbembe na Mfuliiru wakitaka kupatana bei ya debe la maharagwe wanaingia Kiswahili bila hata kuamua.

Kwa hiyo la kwanza ninalomwagiza binti yako ni hili: ajifunze Kinepali, na aanze leo, akiwa bado Bengaluru. Kiingereza kitamtosha kazini. Lakini mkwe anapikwa jikoni na jirani anapatikana sokoni, na huko Kiingereza hakifiki. Aseme «didi» kwa kila mwanamke anayemzidi umri, «dai» kwa kila mwanamume, namna sisi tunavyosema yaya kwa mtu ambaye hatukuzaliwa naye. Mwanamke anayemwita muuza mboga «didi» hapunjwi tangawizi.

Kuhusu rangi sitakuficha kitu. India kuna ubaguzi dhidi ya mtu mweusi. Mei 2016 kijana Mkongomani, mwalimu, aliuawa Delhi kwa kupigwa, katika ugomvi ulioanzia kwenye riksho, na hapa kwetu wengi bado wanakumbuka maduka ya Wahindi yalivyoshambuliwa Kinshasa kwa hasira. Binti yako amekwisha kuishi Bengaluru, naye anayo ya kwake ya kusimulia, mwulize. Kalimpong watamkodolea macho. Watoto watataka kugusa nywele zake. Mimi wazee walinikamata mkono njiani na kuuliza kama rangi hii inatoka kwa jua. Ilinichosha siku nyingine, na sitaki mtu amwambie kwamba ni jambo dogo.

Lakini kuna jambo ambalo Baba halijui. Watu wa milima ile, wenye macho membamba na nyuso za Kinepali na Kitibeti, wakishuka Delhi wanatukanwa vilevile. Wanaitwa Wachina. Wanaulizwa pasipoti ndani ya nchi waliyozaliwa, nchi ambayo babu zao waliipigania jeshini. Wazazi niliowafundishia watoto walinisimulia hayo kwa sauti ya chini, nasi tukaelewana haraka. Sisi wa Kivu tunajua uzito wa kuulizwa «wewe ni wa wapi hasa?» na mtu ambaye tayari ana jibu lake. Familia ya kijana huyo, ikiwa ni kama niliowajua, haitahitaji kufundishwa kwamba mtu anaumia.

Sasa, mji kuwaka moto. Uliwahi kuwaka, na haukuwaka kwa sababu ya dini. Ulikuwa ugomvi na serikali ya jimbo, iliyoko Kolkata, ya Wabengali wa bondeni. Watu wa milimani wanataka jimbo lao, Gorkhaland. Kati ya 1986 na 1988 damu nyingi ilimwagika. Tarehe 27 Julai 1986 polisi walifyatulia risasi waandamanaji pale pale Kalimpong, wakafa watu 13. Mwaka 2017 serikali ya jimbo ilipotangaza kwamba Kibengali kitakuwa cha lazima mashuleni, milima yote iligoma zaidi ya siku 100: maduka yamefungwa, intaneti imekatwa, shule za bweni zimerudisha watoto kwao. Mwaka huo huo, mwezi Februari, Kalimpong ilikuwa imepewa wilaya yake. Hasira haijaisha hadi leo, imetulia tu. Mlepcha naye ana lake la pembeni, maana yeye ndiye mwenyeji wa kwanza wa milima ile na sasa ni wachache kuliko waliomkuta. Kwa hiyo binti yako asiingie nyumba ya wakwe akitoa maoni ya siasa. Asikilize kwanza, tena kwa muda mrefu.

Ndani ya nyumba zenyewe mchanganyiko huo ni wa kila siku. Sikukuu ya Dashain inapofika, Oktoba hivi, Wahindu wazee hupaka wadogo tika, mchele uliochanganywa na maziwa ya mgando na rangi nyekundu, kwenye paji la uso, na Mkristo wa mlango wa pili hupelekewa sel roti, mkate wa mchele wa mviringo uliokaangwa. Krismasi sahani inarudi imejaa. Kanisa kubwa la Waprotestanti, MacFarlane, lililojengwa na Waskoti 1891, liko juu ya mji na linaonekana karibu kila upande. Tetemeko la Septemba 2011 liliharibu sehemu yake na watu wakachanga kulitengeneza. Mimi Mkatoliki nilisali kwa Mtakatifu Teresa, kanisa ambalo wamisionari wa Uswisi walilijenga kwa sura ya hekalu la Kibhutan, mitume wamechongwa kwa nyuso na mavazi ya watawa wa Kibudha. Siku ya kwanza nilidhani nimeingia penginepo. Baadaye nilitamani mapadri waliokuja kwetu wangefikiria hivyo.

Mahari. Hapa Baba atashangaa. Amesikia kwamba India upande wa binti ndio unaolipa, na katika sehemu nyingi ndivyo inavyofanyika, ingawa sheria imekataza tangu 1961. Ila kwa desturi ya Walepcha ni upande wa kijana unaotuma mshenga na zawadi kwa wazazi wa binti, na mazungumzo yanafanyika mbele ya pombe ya ulezi. Pombe hiyo inanywewa kwa mrija, kama wazee wa Bushi wanavyonyonya kasiksi. Mwambie Baba asubiri mshenga, na asitaje ng'ombe kwenye simu. Aseme tu kwamba kwetu pia kuna desturi. Watapatana wakikutana.

Lililobaki ni makaratasi, na hapa nataka ulipe uangalifu kuliko harusi yenyewe. Watu wa dini au nchi mbili tofauti wanaweza kufunga ndoa ya serikali India chini ya sheria ya ndoa maalumu ya 1954. Tangazo linabandikwa siku 30 kabla. Ndoa iandikishwe. Bila cheti cha serikali, binti yako akigombana na mume hana mahali pa kusimama. Ndoa iliyoandikishwa ikifikisha miaka miwili, mke mgeni anaweza kuomba kadi ya OCI (Overseas Citizen of India), ambayo si uraia kamili lakini inamruhusu kukaa na kufanya kazi bila kukimbizana na viza. Uraia kamili unaombwa baada ya miaka saba ya kukaa. Na hapo awe mwangalifu sana, kwa sababu Katiba yetu ya 2006 inasema uraia wa Kongo ni mmoja na wa pekee. Siku atakayoapa kuwa Mhindi, kwa sheria ameacha kuwa Mkongomani. Kadi ya OCI haimnyang'anyi kitu, na mimi ningekuwa yeye ningebaki hapo.

Ningemshauri pia aende kwanza kukaa kwa wakwe majira ya mvua, Julai au Agosti, kabla hajasema ndiyo. Oktoba kila mtu anaupenda Kalimpong, mlima Kangchenjunga mweupe umesimama mbele yako, mita 8,586, na maua kila baraza. Julai ndipo nguo hazikauki, ruba wanapanda miguuni, barabara ya Teesta imefungwa, na bomba halitoi maji hata kama mbingu zimepasuka. Ndiyo, Mama, maji ni shida kule pia. Mto uko chini, watu wako juu, na malori ya maji yanapita yakiuza. Akikaa mwezi mmoja wa namna hiyo na mama mkwe, wakabeba bidoni pamoja, atajua mwenyewe kama ameolewa au la.

SWALI

Mwalimu, nasoma historia, naishi Bagira. Rafiki yangu anasema Kalimpong ulikuwa mji wa mpakani kama wetu, nyumbu wakitoka Tibet. Ni kweli? Na mpaka ulipofungwa waliishi vipi?
Mwanafunzi wa Bagira

JIBU

Ni kweli, mwanangu. Zamani ile ilikuwa nchi ya Walepcha, kisha Bhutan wakaitawala, hadi Waingereza walipoichukua kwa mkataba wa Sinchula wa 1865. Kilichoukuza mji ni sufu. Misafara ya nyumbu ilivuka Jelep La, njia ya juu milimani, kutoka Tibet, wanyama wamefungwa kengele shingoni, na sufu ikapangwa kwenye maghala ya Kalimpong kabla ya kushushwa hadi bandari ya Calcutta, yaani Kolkata ya leo, na kwenda mpaka Marekani kutengenezewa mazulia. Nyumbu walirudi na vitambaa, sukari, mafuta ya taa, saa. Ndiyo iliyowaleta Wamarwari, Wanewar wa Nepal na wafanyabiashara Wachina kwenye barabara moja. Ndiyo sababu hata gazeti la Kitibeti, la Gergan Tharchin, lilichapishwa pale Kalimpong kuanzia 1925 hadi 1963: habari za dunia zilipandishwa Lhasa kwa mgongo wa nyumbu.

Halafu China ikaingia Tibet, na 1962 India na China zikapigana. Mpaka ukafungwa. Wewe unajua mpaka wetu wa Ruzizi na Rwanda ukifungwa hata kwa siku chache kinachotokea: bei ya nyanya inaruka, na mama anayevuka na beseni lake asubuhi hana cha kupika jioni. Jelep La haijafunguliwa kwa biashara hadi leo. Njia ya jirani, Nathu La, ilifunguliwa tena 2006, lakini iko Sikkim na Kalimpong haikuvuna kitu kikubwa. Wahindi wenye asili ya China walikamatwa baada ya vita, wengi wakapelekwa kambi ya Deoli kule Rajasthan, watu wazima na watoto, wakati hawakuwa wamefanya lolote. Waliorudi walikuta mali zao zimeuzwa.

Mji haukufa. Wakimbizi wa Kitibeti waliofika kwa maelfu milimani walifungua vibanda vya chakula na karakana za kusuka. Watu wakageukia tangawizi, iliki, na maua: glayoli, okidi na dungusi za kila sura zinaoteshwa kwenye vitalu na kusafirishwa mbali. Na shule. Hadi leo familia za Bhutan, Sikkim na uwanda wa chini huleta watoto wao kwenye bweni za Kalimpong, na mshahara wa mwalimu, wa mpishi na wa mshona sare unatoka hapo. Sasa fikiria Bukavu, yenye shule nzuri kama tulizo nazo.

Kwa kuwa unasoma historia, usipite shule hizo bila kuuliza zilianzaje. Ile maarufu zaidi, ambayo leo inaitwa Dr Graham's Homes, ilianzishwa 1900 na mmisionari Mskoti, John Anderson Graham. Waliowekwa humo mwanzoni walikuwa watoto wa Waingereza wenye mashamba ya chai na wanawake wa kule, wengi wao vibarua wa mashamba hayo hayo. Watoto walilishwa, wakafundishwa vizuri, na wakatengwa na mama zao. Baina ya 1908 na 1938 kundi lao lilipelekwa hadi New Zealand kuwa wafanyakazi wa mashambani na majumbani, na wengi hawakuwaona mama zao tena. Graham alikuwa mtu mwenye huruma, kila mzee wa mji alinihakikishia hivyo, nami naamini. Lakini mama waliachwa mashambani wakichuma chai. Hapa kwetu watoto machotara wa Wabelgiji walichukuliwa kwa namna hiyo, wengine wakapelekwa misheni ya Save kule Rwanda. Ubelgiji iliomba msamaha 2019, na Desemba 2024 mahakama ya rufaa ya Brussels ikasema kuwachukua kulikuwa uhalifu dhidi ya ubinadamu, katika kesi ya wanawake watano waliozaliwa Kongo. Ukitafuta mada ya tasnifu yako, hiyo ni mada. Linganisha milima hiyo miwili, na uanze na wazee walio hai.

SWALI

Mwalimu, mimi ni kaka wa yule binti, mama yangu amekuandikia bila kuniambia nikajua. Nikienda kumtembelea, napita wapi? Na nitakula nini?
Kijana wa Kadutu

JIBU

Unavuka Ruzizi, unapanda ndege Kigali, unabadilisha njiani hadi Delhi, kisha ndege ya ndani hadi Bagdogra, karibu na mji wa Siliguri. Viza itafutwe mapema. Kutoka Siliguri kuna jeep za abiria; zinaondoka zikijaa, kwa hiyo fika asubuhi. Barabara inafuata Teesta, mlima upande mmoja na maji upande mwingine, na aliyezoea kushuka Ngomo kwenda Uvira hatafumba macho. Mafuriko ya Oktoba 2023, ziwa la barafu lilipopasuka juu Sikkim, yalikula vipande vya barabara hiyo na kubomoa nyumba za Teesta Bazaar, na kila msimu wa mvua inafungwa tena. Ikifungwa, jeep zinazunguka kwa Lava, saa kadhaa zaidi. Usigombane na dereva.

Utakula wali na dengu asubuhi na jioni. Utakula momo, vidonge vya unga vilivyojazwa nyama au kabeji na kupikwa kwa mvuke, na supu ya gundruk, majani ya haradali yaliyochachushwa na kukaushwa, ambayo siku ya tatu nilianza kuyatamani. Jibini yao, waliyofundishwa na mapadri wa Uswisi, ni chachu kidogo na inavunjika mkononi. Fromaji ya Masisi ni laini kuliko hiyo, ukiweza wapelekee kipande. Sambaza zilizokaushwa vizuri mpelekee dada yako. Samaki wa kule ni wa mtoni na ni ghali, na bugali atajipikia mwenyewe, maana unga wa mahindi upo sokoni kila Jumatano.